Mchi wa Mama na Mkono wa Keiko

Keiko alirudi mwaka jana akiwa na nywele nyeupe, magoti mabovu na mkoba uliojaa vitu ambavyo hakuna aliyemwagiza. Nilimpokea stendi ya Homa Bay. Tulishikana mikono, tukaachiana, tukashikana tena, kwa sababu watu wa kwao Japani si wa kukumbatiana hadharani na mimi pia sikuzaliwa na tabia hiyo. Jioni hiyo aliingia jikoni kwangu bila kuuliza, akatoa pakiti ya unga mweupe, akauchanganya na maji na sukari kwenye bakuli, akauingiza kwenye ile maikrowevu ambayo binti yangu aliniletea na ambayo mimi huitumia kupashia chai. Muda si muda akatoa donge jeupe linalovutika, akalikata, akalijaza maharagwe matamu, akanyunyizia unga ili lisishike vidole. "Mochi," alisema. "Siku hizi tunapika hivi. Hata kwetu vijijini, kinu ni cha kuonyesha wageni." Nilikula moja. Ilikuwa tamu, ilikuwa laini mno, na ya pili sikuweza. Nilimwambia kweli kwamba hiyo siyo ile tuliyopika Kendu Bay. Alicheka, halafu akaacha kucheka, akauliza kama kesho ningempeleka kwenye kaburi la mama. Nilikuwa sijafika pale kwa muda mrefu, na nilikuwa na sababu zangu, lakini mtu hawezi kumnyima mgeni wa namna hiyo. Tulienda, tukang'oa majani, tukarudi. Tangu siku hiyo ule mwaka umekataa kunitoka kichwani.

Sitawachosha na habari za ukoo wetu. Inatosha kusema kwamba ilikuwa miaka ya tisini mwanzoni, nilikuwa msichana wa sekondari niliyerudishwa nyumbani kwa kukosa karo, na baba alikuwa amekufa. Nyumba yetu ilikuwa nje kidogo ya Kendu Bay, vyumba vitatu vya udongo uliopakwa saruji, paa la mabati, na kutoka mlangoni uliona ziwa kati ya miti. Baba alikuwa akinunua samaki kisiwani Remba na kuwauza bara. Alirudi kutoka huko amekonda, akalala kwenye chumba cha katikati, akaendelea kukonda mpaka shati lake la kanisani likawa linamvaa yeye. Waliotaka kuwa na adabu walisema ni kifua kikuu. Waliobaki walisema ni chira, yaani maradhi ya kukonda yanayompata mtu akivunja mwiko wa wazee. Kulikuwa na neno la tatu, ayaki, ndilo jina tulilouita ukimwi kwa Kijaluo, lakini hilo lilitumika kwa wafu wa ukoo mwingine tu. Kila boma liliamini kwamba ayaki imepita njia na kuingia kwa jirani.

Tulipomaliza kuzika, chumba cha katikati kikaanza kuvuja. Upepo ulikuwa umeinua bati moja, mvua za masika zikaingia hapo, na hakuna mtu aliyepanda kuligongomelea. Si kwamba walikuwa wabaya. Nyumba ya mjane hurekebishwa na mwanamume atakayemrithi, na mpaka arithiwe, yaani mpaka ile desturi ya tero ifanyike, paa lake halina mwenyewe. Kwa hiyo tuliweka karai chini ya tundu, tukahamisha kitanda, na nikajifunza kulala huku maji yakidondoka kwenye bati la karai. Harufu ya ile nyumba bado naijua: udongo uliolowa, moshi, na dawa ya kusugulia kifua ambayo haikutoka kwenye godoro hata tulipolianika juani. Mama mwenyewe hakuruhusiwa kutoka. Mjane ambaye hajafanyiwa tero haingii nyumba za watu, haendi sokoni, hampi mtu mkono. Naye alikuwa mtu wa sokoni hasa. Alikuwa akiuza vitumbua, alivyofundishwa na wanawake wa Kiislamu wenye maduka mjini, na watu walimjua kwa vitumbua hivyo kuliko kwa jina.

Aliendelea kuvipika. Sijui kama ni ukaidi au ni mikono tu iliyokosa kazi. Aliloweka mchele, akausaga, akauacha uumuke, asubuhi akakaa na kile chuma chenye mashimo akageuza kimoja kimoja. Wake wa baba zangu wadogo walipokuja kumtazama aliwawekea sahani. Walikaa vizuri, wakaongea vizuri, wakauliza kikohozi chake kikoje. "Ah, Nyar Gwassi, mimi nimeshiba," walisema, kwani hilo ndilo jina walilomwita, binti wa Gwassi, kwa sababu alikuwa ameolewa kutoka Kisegi, huko Gwassi. Wote walikuwa wameshiba. Sijawahi kuona ukoo ulioshiba kama ule, mwaka ambao hakuna aliyekuwa na kitu ghalani. Hata Dani, nyanya yangu mzaa baba, ambaye alishinda kwetu kila siku akimwombolezea mwanawe, alibeba ugali wake na omena, dagaa wa ziwani, kwenye kikapu na kulia pembeni akiwa ametupa mgongo. Vitumbua nilivila mimi mpaka nikavichoka, na vilivyobaki vikaenda kwa kuku. Mama alikuwa akiwatazama kuku wakila, na uso wake sitaki kuueleza.

Ukuta wa chumba changu haukufika juu, kwa hiyo yote yaliyosemwa sebuleni niliyapata. Wazee walikuja asubuhi moja mvua ikiwa imekatika. Msemaji wao alikuwa Mzee Okumu, ndugu wa babu yangu, mtu wa sauti ya chini ambaye hajawahi kunikemea maishani.

"Mvua imeshika," alisema. "Wake wa hii boma wanaangalia jembe tu. Dani yuko tayari kutoa mbegu, lakini akishapanda yeye, anayefuata ni nyumba ya mtoto wa kwanza, na hiyo ni hii. Hii imekaa bila tero. Wadogo hawawezi kuruka mkubwa. Sasa tunangoja nani?"

"Mnaningoja mimi, Mzee," mama alisema.

"Basi sema neno. Tumekuwekea Owuor. Si mtu tumetoa barabarani. Ni mtoto umelea wewe mwenyewe."

"Ndio maana."

"Ndio maana nini?"

Nilisikia viti vikisogezwa, mtu akakohoa, kikombe kikawekwa chini kikiwa kimejaa. Lazima nimtendee haki Mzee Okumu: watoto wa ukoo ule wangelala njaa mwaka mzima kama mvua ingepita bila kupandwa, na alikuwa anaona hilo kila alipotembea. Lakini nilikuwa nyuma ya ukuta na nilimchukia kwa moyo wangu wote.

Owuor alikuwa ndugu mdogo wa baba, wa tumbo moja; Dani alizaa hao wawili tu, na baba zangu wadogo wengine walikuwa wa wake wenza. Aliletwa kwetu akiwa bado analilia mamake usiku, mama akamlaza miguuni pake, akamfua, akamsomesha, akamchapa alipostahili. Wakati ule alikuwa kijana mrefu wa kutengeneza redio kwenye kibanda kidogo mjini, mwenye msichana wake Oyugis ambaye sisi sote tulijifanya hatumjui. Alikuwa ananiita "wewe kichwa ngumu" na kuniletea miwa. Tangu wazee wamtaje alikuwa haingii kwetu moja kwa moja kama zamani. Alisimama uani, akamwita mama "yuora", shemeji, neno ambalo hakuwahi kulitumia kwa mtu aliyemfulia kaptula. Nadhani aliona haya kuliko alivyoogopa.

Keiko alikuwa mwalimu wa sayansi kwenye shule ya wasichana, na nyumba yake ya ualimu ilikuwa ng'ambo ya ua wetu. Sisi tulimwita Madam. Kiswahili chake kilitoka vitabuni na kilikuwa safi kuliko chetu sote. Aliwaambia hata kuku "tafadhali". Alikuwa mteja wa vitumbua kabla ya msiba, na baada ya msiba aliendelea kuja, akala amesimama mlangoni, asijue kwamba anafanya jambo la ajabu. Nilimweleza. Nilimwambia kwamba mama hajafanyiwa desturi, na kwamba chakula chake kinaogopwa. Alinisikiliza mpaka mwisho, akauliza kama kimebaki kingine.

Siku moja ya Jumamosi alikuja na mzigo uliofungwa kwa kamba, umelowa pembeni, mihuri ya posta juu yake. Mama alikuwa jikoni akichambua maharagwe na mimi nilikuwa nje ya ukuta wa jikoni nikiosha sufuria, kwa hiyo nilisikia vyote. Mzigo ulikuwa na mchele wa kwao, ule mfupi, mweupe kama chokaa, unaonata ukiiva. Mamake ndiye aliyeutuma kwa meli ili Keiko ajipikie mochi za mwaka mpya. Meli ilichelewa. Kabla mzigo haujafika simu ilipigwa shuleni kwamba mamake amefariki, na Keiko hakupata njia ya kwenda kumzika.

"Kwetu nyumba yenye msiba haisherehekei mwaka mpya," alisema. "Mwaka mpya ujao hawatatwanga mochi nyumbani. Kwa hiyo sijui nifanye nini na mchele huu. Kuutupa siwezi. Kuupika peke yangu siwezi pia. Mochi hutwangwa na watu wawili."

Mama akasema kitu ambacho hakuwa amemwambia mtu yeyote, hata mimi, na nimefikiri mara nyingi kwa nini alimpa yeye. Labda kwa sababu lilikuwa neno ambalo lisingetoka hapo likaenda kisimani.

"Mzee wangu alikufa na ayaki, Madam. Daktari alituambia sisi wawili. Mimi pia niko nayo."

"Pole," Keiko alisema. "Pole sana."

"Sasa wananipa Owuor. Nikikubali, nitamuua. Huyo ni mtoto wangu, ni vile tu sikumzaa. Na nikisema kwa nini ninakataa, nitakuwa nimemwambia Dani mtoto wake alikufa kifo cha aibu. Watasema ni mimi nilimletea. Binti yangu Achieng' hataolewa. Kwa hiyo ninakataa, na ninanyamaza, na wao wanaona mimi ni jeuri."

Sufuria niliyokuwa nikiosha niliiacha majini. Nilikuwa nimejua bila kujua, kama watoto wengi wa miaka ile. Nilitaka kuingia nimshike, na nilitaka pia kukimbia mpaka ziwani. Nilibaki pale pale nimechuchumaa na mikono yenye majivu. Kutoka ndani nilisikia mama akifuta pua, halafu akauliza, kwa sauti yake ya sokoni, huo mchele unalowekwa muda gani.

Waliuloweka hadi siku iliyofuata. Baada ya ibada, wakati wengine wako kanisani wakisalimiana, tukawasha moto. Keiko alifunga mchele kwenye kitambaa cheupe, akauweka juu ya kichujio, kichujio juu ya sufuria ya maji yanayochemka, akafunika na kuziba kingo za mfuniko kwa unga wa mahindi uliolowekwa ili mvuke usitoroke. Maharagwe yalikuwa yanatokota pembeni na sukari, jambo lililonichekesha, maana kwetu maharagwe ni ya chumvi. Tulisuuza kinu kwa maji moto. Kilikuwa kinu chetu cha muhogo na mtama, cha mti mzito, chenye mchi mrefu unaoshikwa wima. Kwao, Keiko alisema, hutumia kitu kama nyundo kubwa, lakini huu utafaa. Mchele ulipoiva akaumimina wote kwa mara moja, ukiwa bado unatoa moshi, na mama akainua mchi juu kabisa kama mtu anayetwanga muhogo mkavu.

"Hapana!" Keiko alipiga kelele. "Usipige bado! Utaruka wote nje. Kwanza sukuma. Kanda kwa mchi mpaka ushikane."

Mama alikuwa amekwisha kupiga. Punje za moto zilituruka usoni, nyingine zikanata kwenye paji la uso wa mama, nyingine kwenye nguzo. Tulicheka. Ndiyo mara ya kwanza watu walicheka katika boma lile tangu maziko, na nilijikuta natazama nje kuona kama kuna mtu anasikia. Halafu mama akakanda kama alivyoambiwa, akiuzungusha mchi, akiusukuma kwa kifua, mpaka punje zikapotea na kukabaki donge. Hapo Keiko akapiga magoti, akachovya mkono kwenye bakuli la maji, akauingiza ndani ya kinu.

"Sasa piga. Ukiinua, mimi ninageuza. Ukishusha, nimetoa."

"Madam, toa mkono. Nitauvunja."

"Hutauvunja. Haya."

Mama aliushusha mchi polepole, kwa woga. Keiko akalikunja donge, akatoa mkono. "Haya." Mchi ukashuka. "Haya." Baada ya muda hofu ikamtoka mama na mapigo yakashika mwendo, mchi, mkono, mchi, mkono, na sauti yake haikuwa ile kavu ya muhogo bali sauti nzito yenye maji. Nililia pale. Nilisingizia moshi. Watu waliomjua mama miaka yote walikuwa wanakwepa kugusa sahani yake, na mwanamke huyu aliyetoka mbali alikuwa ameweka vidole vyake vyote chini ya mchi wake.

Owuor aliingia wakati huo. Mvua ilikuwa imeanza tena na shati lilikuwa limemganda mgongoni. Alisimama mlangoni, akatazama kinu, akamtazama Keiko aliye chini, na kwa muda mfupi akawa yule Owuor wa miwa.

"Hii ni nini sasa? Mnatwanga gundi?"

"Njoo ushike," mama alisema. Kikohozi kilikuwa kimempanda, akaegemea nguzo. "Mimi nimechoka."

"Mwanaume na mchi? Watanicheka mpaka Migori."

"Hakuna mtu. Njoo."

Alikuja. Mama alimwambia Keiko ainuke apumzike, akapiga magoti mahali pake, akachovya mkono. Owuor alitwanga vibaya mwanzoni, halafu vizuri, kwa kuwa alikuwa na nguvu. Akasema huku akipiga kwamba wazee wamemtuma. Akasema wanataka jibu leo. "Mimi sitaki hii kitu, yuora," alisema. "Unajua sitaki. Lakini utakaa hivi mpaka lini? Paa inavuja. Watoto wa Okumu wanakula mara moja kwa siku. Mimi nikikubali, wewe ukikubali, inaisha. Hata si lazima tukae pamoja. Ni usiku moja tu, desturi iishe."

"Ni usiku huo moja nakataa," mama alisema. Akageuza donge, akatoa mkono. "Ndugu yako hakufa na chira, Owuor. Alikufa na ayaki. Na mimi niko nayo."

Mchi ulikuwa juu. Ulibaki juu. Mama alikuwa na mkono ndani ya kinu na hakuutoa. Alimtazama tu kutoka pale chini. Nilisikia mvua juu ya nyasi za paa la jikoni na maharagwe yakitokota.

"Unamtukana ndugu yangu," Owuor alisema, lakini sauti haikuwa na nguvu.

"Ningemtukana ningesema kule kwa wazee. Ninakuambia wewe."

"Nani mwingine anajua?"

Mama alitazama donge. Lilikuwa limeanza kupoteza mng'ao juu. "Madam, hii kitu ikisimama inakuwaje?"

"Itaganda," Keiko alisema kwa sauti ndogo. "Ikipoa haitashikana tena."

"Umesikia," mama akamwambia Owuor. "Usisimame. Piga."

Akapiga. Sijaona mtu akitwanga hivyo. Machozi yalimtiririka mpaka shingoni na hakuweza kuyafuta kwa sababu mikono yote miwili ilikuwa kwenye mchi, na mama alikuwa anageuza kila alipoinua, akisema "haya" kama Keiko, kwa utulivu, kama anavyofundishwa mtoto kuhesabu. Kati ya mapigo alimwambia mengine. Kwamba aende Migori, kule alikosema kuna mtu wa redio anatafuta fundi. Kwamba amchukue yule msichana wa Oyugis. Kwamba wazee wakimkosa, na wale wengine wakiwa wanaogopa, hawatakuwa na wa kumleta ila mtu wa kukodiwa, na mtu wa kukodiwa yeye atamfungia mlango bila haya, kwa sababu hakumlea.

"Na wewe?" Owuor aliuliza.

"Mimi nitakaa hapa."

Donge lilipokuwa laini kabisa Keiko alilitoa kwa mikono miwili na kulilaza kwenye uteo wenye unga wa muhogo. Tulilikata lingali moto, tukaweka maharagwe katikati, tukafinya. Mama alichukua ya kwanza akampa Owuor. Alimpa kwa mkono, si kwa sahani. Owuor aliitazama ile mkononi mwake, nyeupe, yenye alama za vidole vya mama, kisha akaila yote kwa mara moja, mashavu yamejaa, akitafuna na kulia. Ilimchukua muda kuimeza. Aliondoka asubuhi iliyofuata na mfuko mmoja. Leo ni mzee wa Migori mwenye duka, kitambi na kelele nyingi, na wajukuu wake huniita Dani.

Wazee walipojua amekwenda walikasirika, na safari hii Mzee Okumu alipaza sauti. Alisema mama amemfukuza mrithi, amefunga mbegu ya watu, na mtoto akifa njaa damu iko juu yake. Mama alisimama mlangoni na kusikiliza yote. Hakusema sababu hata hapo. Kulala kwake kulianza wiki zile. Kikohozi hakikurudi nyuma tena, na mwaka uliofuata tulimzika. Yaliyofanywa ndani ya chumba alimolazwa kabla ya maziko, ili desturi ambayo aliikataa akiwa hai imkute akiwa amekufa, sitayaandika. Walinitoa nje, wakafunga mlango, na mtu nisiyemjua akaletwa kupitia nyuma. Ndiyo sababu kaburi lile lilinishinda kwa miaka mingi. Nimewasamehe baadhi yao na wengine sijawasamehe, na sioni dalili kwamba nitawasamehe.

Lakini kabla ya hayo, siku chache baada ya Owuor kuondoka, Dani alikuja asubuhi bila kikapu chake. Mama alikuwa ameketi jikoni karibu na jiko la makaa. Zile mochi ambazo hazikutiwa maharagwe zilikuwa zimekauka na kuwa ngumu kama sabuni, na Keiko alikuwa amekuja kutuonyesha kwamba ukiziweka juu ya makaa hulainika tena na kuvimba. Moja ilikuwa juu ya waya, imevimba upande mmoja. Dani aliingia akakaa kwenye kigoda, karibu na mama, si pembeni. Alikuwa amezeeka sana mwaka ule.

"Owuor alipita kwangu kabla aende," alisema. "Ameniambia."

Mama aliinamisha kichwa.

"Wewe ulifikiri sijui? Nilimwosha mwanangu Odhiambo na mikono yangu. Nilimwona mdomo, nilimwona mgongo. Nimeosha watu wengi wa chira, hakuna alikuwa hivyo. Nilijua, Nyar Gwassi. Nilisema tu isiwe. Nikasema ni chira, nikaamka kila siku nikisema ni chira. Halafu nikakaa na wazee nikakubali wakuletee wa pili."

"Dani, acha," mama alisema.

"Niache nini. Kesho nitatoa mbegu. Nikishapanda, nitawaambia wale wengine wote wapande, wakuruke. Chira ikija inipate mimi, mimi nimekula chumvi ya kutosha. Okumu akiuliza, aniulize." Alivuta pumzi, akaitazama mochi juu ya waya. "Hiyo ndio mlimpa Owuor?"

"Ndiyo hiyo."

"Nipe."

"Inanata, Dani. Na huna meno."

"Nimesema nipe."

Keiko aligusa mkono wa mama. Alisema kwamba kwao wazee hukabwa na chakula hiki, kila mwaka mpya kuna wanaokufa nacho kooni, na kwamba kikatwe kidogo sana, na anywe maji kwanza. Mama alimimina maji, Dani akanywa. Kisha mama akaitoa mochi kwenye makaa, akaiweka kwenye kibao, akachovya kisu majini na kukata kipande kama ncha ya kidole. Alikiweka kwenye kiganja chake, akamnyooshea. Dani alikichukua kutoka kiganja kile mbele yetu sote, akakitia mdomoni, akakitafuna kwa ufizi, taya likizunguka polepole, macho yake kwenye moto. Tulimngoja, Keiko akiwa amejiinua nusu kama mtu wa kudaka kitu. Hatimaye shingo ikasogea na kikashuka.

"Walikuwa wawili," Dani alisema. "Umeniachia mmoja."

Mama alikata kipande kingine, kidogo kuliko cha kwanza, akakipuliza kipoe, akamlisha.